Waya Uliomo Ndani ya Kuta Zako
Mazungumzo na watumiaji wa huduma za intaneti kuhusu ufungaji wa faiba na nyaya za mtandao nyumbani na mahali pa biashara



Nimepewa nafasi hii nizungumze nanyi juu ya jambo ambalo wengi wetu humwachia fundi alimalize peke yake, nalo ni vifaa na nyaya zinazoifikisha intaneti ndani ya nyumba. Mlalamikaji anapofika kwetu husema, "Mtandao uko chini." Mara nyingine kweli uko chini. Mara nyingine mtandao wa mtoa huduma ni mzima kabisa, na kibovu ni waya wa mita 12 uliopitishwa juu ya dari, ukaja kukanyagwa na fundi aliyekuwa akifunga feni. Hapo mlaji hulipa mwezi baada ya mwezi kwa kasi isiyomfikia, mtoa huduma huapa kwamba kasi ameituma, na wote wawili wanasema kweli. Kinachopotea katikati yao ni fedha ya mlaji.

Tuanze mbali kidogo, kisha turudi nyumbani. Intaneti ya pwani yetu hupita chini ya bahari. Mwaka 2009 mkongo wa SEACOM ulifika Dar es Salaam na Mombasa, na mwaka 2010 ukafuata ule wa EASSy. Kabla ya hapo tulitegemea setilaiti, iliyokuwa ghali na yenye kuchelewa. Tarehe 12 Mei 2024 mikongo hiyo miwili ilikatika baharini, katika eneo lililo kati ya Msumbiji na Afrika Kusini, na nchi nzima ikaona athari yake. Mkatiko wa namna hiyo hauko mikononi mwa mlaji, wala fundi wa mtaani hawezi kuutibu. Yaliyo mikononi mwetu yanaanzia kwenye nguzo iliyo nje ya geti.

Kinacholetwa kutoka kwenye nguzo hiyo ni uzi wa kioo. Unene wake wote, pamoja na ganda lake la kioo, ni maikromita 125, karibu sawa na unywele mnene. Na mwanga wenyewe husafiri katika kiini chenye upana wa maikromita 9 tu. Hakuna umeme unaopita humo, na hakuna shaba. Ninalisema hili kwa sauti kwa sababu wapo wanaozikata nyaya hizi usiku wakidhani watapata shaba ya kuuza, wakaondoka na plastiki na kioo, na mtaa mzima ukabaki gizani.

Uzi mmoja unaotoka kwenye kituo cha mtoa huduma haumfikii mteja mmoja peke yake. Njiani hugawanywa na kifaa kidogo cha kioo kisichotumia umeme, ukawahudumia wateja 32, au hata 64. Katika mfumo unaotumika sana majumbani, uitwao GPON, wateja hao wote hugawana takribani gigabiti 2.5 kwa sekunde za kupokea na gigabiti 1.25 za kutuma. Kwa hiyo tangazo linaposema kasi ya "hadi megabiti 100", neno "hadi" limewekwa hapo kwa makusudi. Si udanganyifu, maana watu 32 hawapakui filamu kwa dakika ileile moja. Lakini mlaji ana haki ya kuuliza kabla ya kutia saini: je, saa mbili usiku, mtaa mzima unapokuwa macho, nitegemee kiasi gani? Jibu lake liandikwe.

Sasa fundi amefika mlangoni. Jambo la kwanza la kuzungumza naye ni mahali pa kuweka kisanduku cha faiba, kile ambacho mafundi hukiita ONT, ambacho hugeuza mwanga kuwa umeme unaoeleweka na kompyuta. Fundi mwenye haraka atakiweka pale uzi unapoingilia, yaani pembeni mwa dirisha la sebule au juu ya mlango wa stoo, kwa kuwa ndiko karibu. Wewe utakaa na uamuzi huo kwa miaka. Pachaguliwe mahali pakavu, penye hewa, penye soketi ya umeme iliyo imara, na palipo karibu na katikati ya nyumba ikiwa kisanduku hichohicho ndicho kitakachotoa waifai. Kukisogeza baadaye mara nyingi hutozwa fedha, na mita 10 za ziada za uzi leo ni nafuu kuliko safari ya pili ya fundi.

Uzi wa kioo haupendi kukunjwa. Uzi wa kawaida hutaka mzingo wenye nusu kipenyo cha milimita 30. Nyuzi za kisasa zilizotengenezwa kwa ajili ya majumbani huvumilia milimita 10 na hata 7.5. Mlaji hana haja ya kukariri vipimo hivyo. Akumbuke tu kwamba uzi usizungushwe ukawa duara dogo kuliko mdomo wa kikombe cha chai, usibanwe na mguu wa kabati, na usipigwe misumari ya kubania kwa nyundo nzito. Ukikunjwa mno, mwanga huvuja pembeni kama maji kwenye mpira uliopasuka, wala nje hutaona alama yoyote.

Tazama pia rangi ya kichwa cha uzi. Kichwa cha kijani kimechongwa mshazari kwa nyuzi 8. Cha buluu kimechongwa bila mshazari. Kijani huingia kwa kijani, na buluu kwa buluu. Vinaweza kusukumwa vikaingiana, na hapo ndipo hatari ilipo: vitaingia, taa itawaka, lakini nyuso zake hazigusani sawasawa, mwanga mwingi utapotea, na uso wa kioo unaweza kukwaruzika. Tena kichwa hicho kisifutwe kwa shati wala kupulizwa kwa mdomo. Chembe ya vumbi usiyoiona inatosha kuziba kiini cha maikromita 9. Fundi anayejua kazi yake huja na kitambaa maalumu kisichoacha nyuzi, au kalamu ya kusafishia.

Usiuchungulie mdomo wa uzi ulio wazi. Mwanga wake hauonekani kwa jicho, hivyo hutajua kama upo au haupo. Na vipande vinavyokatwa wakati wa kuunga vikusanywe vyote katika chupa au mkanda wa gundi: ni sindano za kioo, huingia katika unyayo wa mtoto na kuzipata ni kazi kubwa.

Kabla fundi hajakunja vifaa vyake, mwombe akuoneshe kipimo cha nguvu ya mwanga inayofika kwenye kisanduku. Hupimwa kwa dBm na huandikwa kwa namba hasi. Iliyo karibu na sifuri ndiyo yenye mwanga mwingi zaidi. Kila zikishuka namba 3, mwanga umepungua nusu, na zikishuka 10 umebaki sehemu moja ya kumi. Visanduku vingi vya GPON hufanya kazi kati ya -8 na -27. Ukikuta -19 au -21, umefungiwa vizuri. Ukikuta -26.5, intaneti itawaka mbele ya fundi na kukatika wiki ijayo, siku ya mvua ya kwanza. Iandike namba hiyo nyuma ya karatasi ya mkataba pamoja na tarehe. Nimeona mabishano ya miezi kumalizwa na namba moja iliyoandikwa kwa kalamu: siku ya kwanza ilikuwa -20, leo ni -29, basi kilichoharibika kiko upande wa uzi na si katika simu ya mteja.

Kisanduku chenyewe husema, ukijua lugha yake. Taa yenye maandishi PON ikitulia kijani, mwanga umefika na kituo kimekutambua. Taa ya LOS ikiwaka nyekundu, mwanga haufiki. Ukiiona hiyo nyekundu, usijisumbue kuzima na kuwasha ruta mara kumi, piga simu kwa mtoa huduma na umwambie kwa jina, "LOS ni nyekundu." Mazungumzo yatakuwa mafupi.

Nimesema mengi juu ya kioo, ingawa kwa maoni yangu mlaji huibiwa zaidi kwenye shaba. Uzi wa kioo huletwa na mtoa huduma, ambaye ana jina na ofisi. Waya wa mtandao, ule unaotoka kwenye kisanduku kwenda kwenye ruta, televisheni, kompyuta na kamera, hununuliwa dukani na mtu yeyote, kwa bei yoyote.

Waya huo una nyuzi nane za chuma zilizosokotwa mbilimbili, yaani jozi nne. Juu ya ganda lake huchapishwa daraja lake. Cat5e hubeba gigabiti 1 kwa umbali wa hadi mita 100, na kwa nyumba nyingi inatosha kabisa. Cat6 hubeba kiasi hicho, na huweza kufika gigabiti 10 kwa umbali usiozidi mita 55. Mwenye kujenga sasa na kufukia mabomba ukutani aichukue hiyo, kwa sababu ukuta haupasuliwi kila mwaka. Anayekushauri ununue Cat7 kwa nyumba ya vyumba vitatu anakuuzia namba tu.

Daraja lililochapishwa, hata hivyo, si ushahidi kamili. Sokoni zipo nyaya ambazo ndani yake ni alumini iliyopakwa ngozi nyembamba ya shaba. Kwenye boksi pengine huandikwa herufi CCA, pengine haziandikwi. Zinauzwa kwa majina yaleyale ya Cat5e na Cat6, ingawa viwango vya nyaya hizo vinataka shaba tupu. Alumini ina ukinzani mkubwa kuliko shaba, hivyo ishara hudhoofika upesi katika masafa marefu. Huvunjika haraka ikikunjwakunjwa. Na inapotumika kupeleka umeme kwenye kamera za ulinzi kupitia waya huohuo wa mtandao, hupata joto zaidi na kamera ya mwisho hukosa nguvu. Fundi atakuja mara tatu kubadilisha kamera nzima, wakati mgonjwa ni waya.

Kuutambua si kazi ngumu. Omba kipande cha waya, toa ganda, kwangua unyuzi mmoja kwa wembe. Shaba ni nyekundu hadi ndani. Kama chini ya wekundu pametokea weupe wa fedha, hiyo ni alumini. Ukunje unyuzi huo mbele na nyuma mara kadhaa: alumini hukatika mapema. Uzito nao husema, maana boksi la mita 305 la alumini ni jepesi waziwazi kuliko la shaba. Muuzaji mwaminifu hatakasirika ukimwomba wembe. Na kama amekuandikia "shaba" kwenye risiti kisha ikawa alumini, risiti hiyo ndiyo silaha yako. Ndiyo maana nasisitiza kwamba risiti iandikwe aina ya waya, isiandikwe tu "kebo, roli moja".

Vichwa vya waya, vile vya plastiki angavu vyenye meno nane ya shaba, hupangwa kwa utaratibu wa rangi. Unaotumika sana ni huu, kutoka kushoto, meno yakikutazama na mdomo wa kichwa ukielekea juu: nyeupe yenye chungwa, chungwa, nyeupe yenye kijani, buluu, nyeupe yenye buluu, kijani, nyeupe yenye kahawia, kahawia. Pande zote mbili zifanane. Fundi asifumue msokoto zaidi ya milimita 13 kabla ya kichwa, kwa kuwa ni msokoto huo unaozuia jozi moja isiingiliane na nyingine.

Hapa pana mtego ambao ningependa kila mmoja aondoke nao. Kasi ya megabiti 100 huhitaji nyuzi nne tu kati ya zile nane. Gigabiti 1 huzihitaji zote. Basi unyuzi mmoja wa buluu au wa kahawia ukikosa kugusa jino lake, mtandao hautakatika. Utaendelea kufanya kazi kwa utulivu, isipokuwa vifaa viwili vitakubaliana kimyakimya kushuka hadi 100. Mfanyabiashara mmoja wa uchapaji alilipia megabiti 200 kwa muda mrefu, na kila akipima alipata 94, asubuhi na usiku, siku ya kazi na siku ya mapumziko. Msongamano wa watumiaji haufanyi hivyo; msongamano hupanda na kushuka. Kipimo kinachogota kwenye 94 au 95 siku zote ni alama ya kiungo cha megabiti 100. Kwake kosa lilikuwa kwenye kichwa kimoja cha waya, ambacho bei yake ni ndogo kuliko soda. Lingeweza pia kuwa ruta ya zamani, swichi ya bei rahisi, au kompyuta yenye tundu la kasi hiyo. Ukinunua ruta au swichi, soma kwenye boksi kama matundu yake yote ni ya gigabiti. Yapo maboksi yanayotangaza kasi kubwa ya waifai kwa herufi nene, na ndani matundu ya waya ni ya megabiti 100.

Tukiwa kwenye vipimo, tutenganishe biti na baiti. Mtoa huduma huuza kwa megabiti. Kompyuta inapopakua faili mara nyingi huonesha megabaiti. Baiti moja ni biti 8, hivyo megabiti 100 kwa sekunde ni megabaiti 12.5 kwa sekunde, na faili la gigabaiti 1 litachukua kama sekunde 80. Aliyeona 12 kwenye kioo chake hajaibiwa.

Kuhusu kupitisha nyaya ndani ya nyumba nitasema machache. Mwenye kujenga aweke mabomba kabla ya lipu, aache kamba ndani yake, na kila chumba kivutiwe waya wake hadi mahali pamoja. Waya wa mtandao usilazwe katika bomba moja na waya wa umeme. Vikilazimika kukutana, vikatane kwa msalaba. Televisheni, kompyuta ya mezani na kamera, vitu visivyotembea, vipewe waya. Waifai iachiwe simu. Na katika swichi, usichomeke waya mmoja pande zake zote mbili katika swichi ileile: ofisi nzima husimama, na kulitafuta kosa hilo huchukua nusu siku.

Radi inataka maneno zaidi, hasa kwa ndugu zetu wa kando ya Ziwa Victoria, ambako ngurumo ni nyingi. Waya wa shaba unaotoka nyumba kubwa kwenda nyumba ya uani, au dukani kwenda ghalani, ukipita nje, hubeba msukumo wa radi hadi ndani ya kompyuta hata kama radi haikuupiga wenyewe. Kati ya majengo mawili tumia uzi wa kioo, na vigeuzi viwili vidogo, kimoja kila upande. Bei ya vigeuzi imeshuka, na kioo hakipitishi umeme. Tahadhari ipo moja: nyaya nyingi za faiba za nguzoni zina kamba ya chuma ya kuzibeba. Kamba hiyo iishie kwenye ndoano nje ya ukuta. Isiingizwe ndani pamoja na uzi.

Umeme ukikatika, uzi wa kioo mtaani haukatiki nao, kwa kuwa vigawanyio vya njiani havitumii umeme. Mara nyingi kilichozimika ni kisanduku chako na ruta yako tu. Betri ndogo ya akiba iliyotengenezwa kwa ajili ya ruta huweza kuviendesha vyote viwili. Angalia tu kwamba volti zake zinalingana na zilizoandikwa kwenye adapta, nyingi zikiwa 12, na kwamba ampea zake hazipungui. Kwa mwenye duka anayepokea malipo kwa mtandao, kifaa hicho hurudisha bei yake upesi.

Vifaa vya mawasiliano vinavyouzwa nchini vinapaswa kuwa vya aina iliyoidhinishwa na Mamlaka ya Mawasiliano Tanzania. Muulize muuzaji. Muulize pia mtoa huduma, kabla ya siku ya kufungiwa, maswali ya mkataba: kisanduku ni mali ya nani, nikihama nakirudisha au nakilipia, uzi ukikatwa na lori linalopita, gharama ya kuunga ni ya nani, na nisiporidhika, mkataba unavunjwaje. Neno la siri lililobandikwa chini ya ruta libadilishwe siku hiyohiyo, maana fundi amelisoma, na kila mgeni anayegeuza ruta atalisoma.

Ikifika siku ya kulalamika, lalamika na ushahidi. Chomeka kompyuta moja kwa moja kwenye kisanduku kwa waya mzuri, zima waifai, pima kasi asubuhi, mchana na saa mbili usiku kwa siku tatu, na uandike kila kipimo na saa yake. Andika pia hali ya taa, na ile namba ya dBm ukiweza kuipata. Peleka karatasi hiyo kwa mtoa huduma kwanza, kwa maandishi, na udai namba ya kumbukumbu ya lalamiko. Jibu la "tutakupigia" halina namba. Asipokutatulia, njoo Mamlaka ukiwa na namba hiyo, nakala ya mkataba, risiti na karatasi ya vipimo. Anayefika na hivyo vinne hupokelewa kaunta ileile na yule asiye navyo, lakini faili lake huanza kushughulikiwa siku hiyo, bila kurudishwa nyumbani kwanza kwenda kupima.